Rukia wa Batavia: hakupigwa risasi, na mume wake sio yule mnayemuona kwenye picha

SWALI: "Shikamoo mwalimu. Mimi ni msichana wa miaka 24, niko kwenye kikundi cha maigizo hapa Dar. Tunataka kuandaa igizo la dakika 40 kuhusu mwanamke wa sinema wa zamani ambaye sio wa Ulaya wala Marekani, nikakutana na video fupi ya Roekiah wa Indonesia. Ilisema ndo muigizaji wa kwanza wa kike wa nchi hiyo, eti aliolewa na Rd Mochtar baada ya kupendana kwenye sinema, eti Wajapani walimuua, na Waholanzi wameficha sinema zake zote. Nimetafuta mwezi mzima sijaona hata moja. Wenzangu wameshaanza kuandika onyesho la kupigwa risasi. Mimi naogopa tusije tukamsingizia marehemu. Ukweli ni upi? Na je, inawezekana kumuigiza mtu ambaye kazi zake hazionekani?"

JIBU:

Marahaba mwanangu. Nimelisoma swali lako mara mbili na limenifurahisha sana, maana miaka yote niliyofundisha historia ya sinema nikiulizwa kuhusu Asia naulizwa India na Hong Kong, Indonesia hamna anayeigusa. Na huo woga wako ni mzuri, usiuache. Unaogopa kumsingizia marehemu, na kwa hiyo video ulivyonielezea tayari kashasingiziwa, kwahiyo tusafishe kwanza kabla wenzako hawajafika mbali na hayo maandishi yao.

Kwa kifupi: hakuwa wa kwanza, hakuolewa na Rd Mochtar (Rd ni Raden, cheo cha heshima cha kule), hakupigwa risasi na mtu yeyote, na sinema zake hakuna aliyezificha. Ila kila moja kati ya hizo nne ina kipande cha kweli pembeni yake, ndo maana imekaa vizuri masikioni mwa watu, na hicho kipande cha kweli ndicho kitakachowapa igizo.

Tuanze na jina maana nadhani hapo ndo ulipoanza kukwama kutafuta. Roekiah usilisome kama lilivyoandikwa. Waholanzi sauti yetu ya u wanaiandika oe, kwahiyo Roekiah ni Rukia, Rukia huyuhuyu tunayemjua sisi, jina la binti wa Mtume ambalo watu wa kisiwa cha Java wanawapa watoto wao kama wanavyowapa watu wa Tanga na Lamu. Hali kadhalika Terang Boelan, sinema iliyompa umaarufu, inasomeka Terang Bulan, maana yake mbalamwezi. Mwaka 1947 Waindonesia waliiacha oe wakaweka u, alafu 1972 wakabadilisha tena, tj ikawa c na dj ikawa j, ndo maana mtu mmoja au sinema moja unaikuta imeandikwa kwa namna mbili tatu na ukitafuta kwa tahajia moja tu unakosa nusu ya vitu. Tafuta Roekiah, tafuta Rukiah, alafu ongeza jina la mume wake, Kartolo, utaona milango mingine inafunguka.

Alizaliwa Bandung, Java Magharibi, tarehe 31 Desemba 1917, nchi ikiwa bado koloni la Waholanzi. Baba yake Mohammad Ali asili yake ni kisiwa cha Belitung, mama yake alijulikana jukwaani kama Miss Ning na alikuwa mtu wa Cianjur, wote wawili wasanii wa kundi la opera la kuzunguka. Neno opera lisikupeleke Italia. Fikiria kundi linalobeba mapazia yake, nguo zake na vyombo vyake vya muziki, linaingia mji huu linacheza usiku kadhaa, linafungasha linaenda mji wa pili. Leo hadithi ya Alfu Lela U Lela, kesho kisa cha mapenzi na majambazi wa mjini, na pale pazia linaposhushwa ili wabadilishe mandhari nyuma watu hawaachwi wakae kimya, anatoka mwimbaji anaimba au mchekeshaji anawavunja mbavu mpaka wenzake wawe tayari. Rukia alikulia humo. Wazazi wake ndo walikuwa walimu wake wakubwa, na akiwa na miaka kama saba tayari anapanda jukwaani.

Hapo naomba mkae kidogo, msipite haraka. Watu wengi wakisikia staa wa sinema wanawaza uso mzuri uliookotwa mtaani na mkurugenzi, huyu sivyo. Kamera ilipomkuta ana miaka 19 alikuwa ameshakula zaidi ya miaka kumi jukwaani, anajua kuimba bila maikrofoni mpaka mtu wa benchi la mwisho asikie, anajua kusubiri kicheko kiishe ndo aseme, anajua kuigiza huku amechoka na safari. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 yuko Batavia, ambayo ndo Jakarta ya leo, kwenye kundi la Palestina Opera, na jina lake linajulikana zaidi kwa uimbaji wa keroncong.

Keroncong ni nini? Ni muziki wenye mizizi ya Kireno uliokaa Batavia na kuwa wa wenyeji, kuna gitaa dogo dogo zinazokwaruzwa kwa haraka, kuna fidla, filimbi, selo ambayo haipigwi kwa upinde ila inadonolewa kwa vidole kama ngoma, na juu yake sauti inaenda taratibu, inavuta, kama haina habari na haraka ya vyombo. Wewe unayejua taarab, ambayo udi umetoka kwa Waarabu na fidla kwa Wazungu ila mashairi na roho ni vya pwani, hutapata shida kuelewa ni muziki wa aina gani. Nimekuwekea hili mbele makusudi kwasababu bila uimbaji huyu mwanamke hamumwelewi. Watu hawakwenda sinema kumwangalia tu, walikwenda kumsikiliza.

Sasa hili la kuwa wa kwanza. Sinema ya hadithi ya kwanza kutengenezwa kule ni Loetoeng Kasaroeng ya 1926, ilitengenezwa Bandung, Rukia akiwa mtoto wa miaka minane, na humo tayari kuna wenyeji wanaigiza. Mwaka 1929 kampuni ya Tan's Film ilitoa Njai Dasima na mhusika mkuu alikuwa mwanamke anaitwa Nurhani. Kwahiyo wa kwanza walishapita. Ila ukisema Rukia alikuwa staa mkubwa wa kike wa kwanza ambaye jina lake peke yake linajaza ukumbi, hapo wengi wanaoandika historia ya sinema ile watakubaliana na wewe, na mimi pia nakubali. Muandike hivyo, inatosha, na ni kitu kikubwa kuliko kuwa wa kwanza.

Sinema iliyomfanya hivyo ni hiyo Terang Boelan, ya 1937. Aliyeitengeneza ni Albert Balink, mwandishi wa habari ambaye kabla yake alishirikiana na Mannus Franken kutengeneza Pareh, ya 1936, picha ya heshima iliyokula hela nyingi na haikurudisha. Balink akajifunza kwa maumivu. Akaangalia ni picha gani za Hollywood zinawavuta watu wa kawaida wa Batavia, akaiona The Jungle Princess ya Dorothy Lamour, kisiwa, bahari, msichana wa sarong, nyimbo, akasema tutafanya ya kwetu. Maandishi akaandika Saeroen, naye mwandishi wa habari, kamera wakashika ndugu wawili wa Kichina, Othniel na Joshua Wong, na hadithi ikawekwa kwenye kisiwa cha kubuni kinaitwa Sawoba, jina ambalo wamelitoa kwenye majina yao wenyewe, Sa ya Saeroen, Wo ya Wong, Ba ya Balink. Rukia ni Rohaya, binti ambaye baba yake anataka kumuoza kwa Musa, mtu mbaya anayeuza kasumba, wakati yeye moyo wake uko kwa Kasim. Wanatoroka usiku kwenda Malaka, wanaishi vizuri kidogo, Musa anawafuata, baba anakuja kumchukua binti yake, Kasim anarudi, wanapigana, mapenzi yanashinda. Kasim ndo Rd Mochtar. Na kitu kizuri sana kwenu nyinyi watu wa jukwaani, Mochtar alikuwa na umbo na sura lakini kuimba hakuweza, sauti mnayoambiwa ni yake ilikuwa ya Ismail Marzuki, mtunzi mkubwa ambaye leo kituo cha sanaa cha Jakarta kina jina lake. Rukia yeye alijiimbia mwenyewe.

Kwanini ilishika vile? Wengi wanajibu uzuri wake, mimi sikubaliani. Ilishika kwasababu kwa mara ya kwanza sinema ilichukua kila kitu ambacho watu walikuwa wanakilipia kwenye opera za kuzunguka, nyimbo, vichekesho, ngumi, mapenzi ya siri, na wasanii walewale waliokuwa wanawapenda, ikakiweka kwenye kitambaa cheupe. Mtu wa Surabaya au wa kijijini ambaye kundi la opera linapita kwake mara moja kwa mwaka sasa anaweza kumuona Rukia wiki hii. Alafu lugha, picha ilikuwa ya Kimalay, ikavuka bahari ikaenda Singapore na Malaya ikisambazwa na RKO ya Marekani, huko peke yake iliingiza dola 200,000 za Straits, pesa ya huko wakati ule. Kwa pesa za 1937 hizo ni nyingi mno.

Turudi kwa ndoa. Mume wa Rukia alikuwa Kartolo, mchekeshaji na mpiga kinanda waliyekutana kwenye kazi za jukwaani, walioana 1934, miaka mitatu kabla ya Terang Boelan, na walipata watoto watano. Kartolo mwenyewe yumo kwenye karibu sinema zote za mkewe kama mchekeshaji, yaani unamuona Rukia analia kwa ajili ya Mochtar alafu dakika mbili baadaye anayekuchekesha ni mume wake wa kweli. Rukia na Mochtar walipangwa pamoja kwenye picha nne na watu wakawapenda kama jozi, wanahistoria wanawataja kama jozi ya kwanza ya mapenzi ya sinema za kule, na kampuni zilijua hiyo jozi inauza, basi hapo ndo uvumi unapozaliwa. Hakuna cha ajabu, hata kwetu watu wakiigiza mume na mke mara tatu mtaa unawaozesha. Lakini kwa igizo lenu naona ndoa ya kweli ina utamu zaidi: mwanamke anaigiza mapenzi na mwanaume mwingine mbele ya mume wake kila siku kama kazi, na mume naye ana kazi yake pembeni, kuwachekesha watu, jioni wanarudi nyumbani kwa watoto. Hapo mna onyesho zima na hamjasingizia mtu.

Baada ya mafanikio yale ungetegemea kampuni iliyotengeneza Terang Boelan, ANIF, iendelee. Haikuendelea, wenye kampuni hawakutaka sinema za hadithi, wakaacha. Wasanii wakabaki na jina kubwa bila kazi. Wakafanya kile wanachokijua, wakajikusanya kama kundi la jukwaani wakaenda Singapore wakicheza kwa jina hilohilo la Terang Boelan. Waliporudi wakachukuliwa na Tan's Film, ile ya Njai Dasima ambayo ilikuwa imelala miaka kadhaa, ikaamka kwa ajili yao. Picha ya kwanza ilikuwa Fatima, 1938, imegharimu gulden (pesa za Waholanzi) 7,000 hivi na ikaingiza kama 200,000. Baada ya hapo Gagak Item, 1939, yenye mtu mwenye barakoa, na Siti Akbari. Mwaka 1940 Mochtar akaondoka kwa ugomvi wa malipo, na hili usilipite, maana linakuonyesha hawa walikuwa wafanyakazi wanaogombea mshahara kama mtu mwingine yeyote. Nafasi yake akapewa Djoemala, ambaye hakuwa amewahi kuigiza sinema. Wengi walidhani bila Mochtar Rukia ataanguka. Hakuanguka. Sorga Ka Toedjoe, 1940, watu walijaa, ikafuata Roekihati mwaka huohuo, angalia jina lenyewe linavyoanza na jina lake, alafu 1941 Koeda Sembrani, ya farasi anayeruka kutoka kwenye Alfu Lela U Lela, na Poesaka Terpendam. Hesabu hapo, picha nane ndani ya miaka minne na kidogo, huku anazaa na kulea, anarekodi nyimbo, uso wake uko kwenye matangazo, wanawake wanaiga mavazi yake, magazeti yanamlinganisha na Dorothy Lamour.

Mwaka 1941 ulikuwa mwaka mkubwa wa sinema kule, zilitengenezwa kama 30. Machi 1942 Waholanzi wakasalimu amri kwa Wajapani na yote yakasimama. Tan's ikafungwa. Sinema ikawa chombo cha propaganda, na wasanii waliobaki wakarudi jukwaani, safari hii chini ya utawala unaowaambia waigize nini na wapi. Rukia na Kartolo walizunguka Java wakiburudisha, na kwa miaka yote hiyo aliigiza kwenye picha moja tu, fupi ya propaganda, Ke Seberang, 1944.

Hapa sasa tunafika kwenye hiyo risasi yenu. Mwanzoni mwa 1945 Rukia aliugua na mimba ikaharibika. Akiwa bado hajapona, Wajapani wakamlazimisha yeye na mumewe waende Surabaya kwenye ziara ya maonyesho. Akaenda. Aliporudi Jakarta hali ilikuwa imezidi kuwa mbaya, akatibiwa miezi kadhaa, na tarehe 2 Septemba 1945 akafariki akiwa na miaka 27. Viongozi Soekarno na Hatta walikuwa wametangaza uhuru wa Indonesia tarehe 17 Agosti, siku 16 kabla, na siku ileile aliyofariki Rukia ndo Japani ilikuwa inatia saini ya kusalimu amri kwenye ghuba ya Tokyo. Alizikwa Jatinegara, Jakarta, na Ki Hajar Dewantara, waziri wa elimu wa serikali changa ile, alihudhuria mazishi.

Unaona kwanini video imesema walimuua. Aliyeandika alisikia kwamba Wajapani walimlazimisha mgonjwa kusafiri na kucheza, akaona haitoshi, akaongeza bunduki. Mimi nakwambia kweli kabisa, bunduki inapunguza. Mwanamke aliyepoteza mimba anaambiwa inuka, jipake poda, imba, kuna askari wanasubiri, na hana namna ya kukataa, hilo ni jambo zito kuliko risasi na lina wahusika halisi, na kila mwanamke aliyekaa kwenye ukumbi wenu atalielewa bila kuelezwa. Wala msiseme ziara ndo iliyomuua kana kwamba mna cheti cha daktari. Semeni yalivyofuatana: aliugua, akalazimishwa, akarudi amezidiwa, akafa. Mtazamaji ana akili zake.

Kartolo aliwachukua watoto akarudi Yogyakarta, kwao, naye akafa Januari 1949. Mmoja wa wale watoto, Rachmat Kartolo, alikuja kuwa mwimbaji na muigizaji maarufu sana Indonesia.

Sasa hizo sinema. Mwezi mzima umetafuta na najua ilivyokuuma, ila hakuna Mholanzi aliyekaa na funguo. Ni hivi. Filamu za zamani zilitengenezwa kwa selulosi ya naitreti, kitu ndugu kabisa na baruti. Inashika moto haraka na ikishashika hata ukiitia majini inaendelea kuwaka, kwasababu inajitolea yenyewe oksijeni. Lakini adui mkubwa kuliko moto ni muda. Hata ikiwa imekaa tu kwenye kopo inaoza taratibu, inatoa gesi, gesi ikikutana na unyevu inakuwa asidi, asidi inaila picha na kuharakisha kuoza zaidi, kwahiyo ubovu unazaa ubovu. Mwanzo picha inafifia, alafu filamu inanata kama gundi, mwisho unafungua kopo unakuta unga wa kahawia. Kinachochelewesha ni baridi na ukavu, na wewe mtu wa Dar unajua joto na unyevu wa pwani, Jakarta ni hivyohivyo mwaka mzima. Ongeza hapo kwamba kopi zilikuwa chache na zilizungushwa kumbi hadi kumbi mpaka zikachanika, sinema ikishamaliza kuingiza hela ilionekana takataka tu, ikaja vita, ikaja miaka ya kupigania uhuru, kampuni zikafa na ghala zao. Filamu salama zisizowaka ndo zilichukua nafasi mwanzoni mwa miaka ya 1950, na taasisi ya kuhifadhi sinema ya Jakarta, Sinematek Indonesia, ilianzishwa 1975 na Misbach Yusa Biran, yaani miaka 38 baada ya Terang Boelan. Nani angezitunza katikati hapo? Sehemu kubwa sana ya sinema za kule za kabla ya 1950 inahesabika imepotea, na Terang Boelan yenyewe imo humo. Kilichobaki ni picha za mnato, mabango, matangazo ya magazeti na muhtasari wa hadithi zilizochapishwa wakati ule.

Waholanzi lawama zao zipo, na kubwa, koloni halikujali kuhifadhi sanaa ya wenyeji. Lakini kutojali na kuficha ni vitu viwili. Na tena kwa Waholanzi ndo kuna kitu kitakachokusaidia, magazeti ya enzi ya koloni yamewekwa kwenye mtandao wa Delpher, bure, ukiandika Roekiah unapata matangazo ya kumbi na maoni ya sinema ya miaka ile. Ni Kiholanzi, ila tafsiri ya mashine inakupa maana ya juujuu.

Je, inawezekana kumuigiza mtu ambaye kazi zake hazionekani? Nimelifikiria hili. Njia ya kwanza ni kusimulia maisha yake kuanzia Bandung mpaka Jatinegara. Inaeleweka kirahisi, ila ndani ya dakika 40 mtakimbia, na mtalazimika kubuni mazungumzo mengi ambayo mtazamaji atayachukua kama historia. Mkiifuata basi kwenye karatasi ya mlangoni andikeni wazi kwamba maneno ni yenu, tarehe na matukio ndo ya kweli. Njia ya pili ni kuirudia Terang Boelan jukwaani kutokana na muhtasari. Inavutia, ila sauti yake, mwendo wake, namna alivyogeuza shingo, hivyo havipo kwenye muhtasari, mtakuwa mnaigiza Dorothy Lamour bila kujua. Mimi ningechukua ya tatu: usiku mmoja tu wa kundi la kuzunguka, mbele ya pazia na nyuma ya pazia. Mbele ni nyimbo na vichekesho vya Kartolo, nyuma ni mtoto analia, mkataba, Mochtar analalamikia malipo, nguo inashonwa haraka, na igizo linaporudi nyuma ya pazia kila safari miaka imesonga, 1934, 1937, 1940, mpaka ile safari ya Surabaya. Haihitaji hata sekunde moja ya filamu, kwasababu maisha yake mengi yalikuwa jukwaani, mahali ambapo nyinyi mnapajua kuliko mtu wa kamera.

Kuna mambo hayawezi kumalizika kwa kuandikiana, haya yanataka mtu ana kwa ana. Matamshi na uimbaji wa keroncong mtafuteni Muindonesia awafundishe, ubalozi wao upo hapohapo Dar, ingieni na barua ya kikundi, waombeni wawaunganishe na mtu anayeimba. Muulizeni na kuhusu nyimbo kabla hamjazichagua, maana wimbo wa zamani wenye jina hilohilo la Terang Bulan sauti yake ni ileile ya wimbo wa taifa wa Malaysia, na hiyo sauti inasemekana ilifika Malaya kutoka Shelisheli, hapa kwenye bahari yetu, ambako Waingereza walimpeleka uhamishoni sultani wa Perak. Ni kisa kizuri ila Mmalaysia akikaa mbele yenu ataamka asimame. Mkitaka kuchapisha picha zake kwa ajili ya kuuza tiketi, muoneni mtu wa hakimiliki kwanza. Na lile onyesho la mimba kuharibika, kabla ya mazoezi kaeni wanawake wa kikundi peke yenu muulizane taratibu kama yupo aliyepitia. Kama yupo na linamrudia, asilazimishwe kulicheza, na akihitaji aende kwa mshauri hospitalini, msimwachie alibebe kwenye mazoezi. Haingependeza kabisa kumlazimisha mtu jukwaani kwenye igizo la mwanamke aliyelazimishwa.

Mkishakuwa na maandishi nitumieni, nitasoma yote, tarehe nitazipitia moja moja. Ila onyesho la risasi litoeni leo, na mchezaji wa Kartolo mtafuteni mapema, apatikane anayejua kinanda kweli.